Anayeketi Ndiye Anayesoma

Ni Ijumaa, saa tisa kasoro mchana. Nje, jua la Ansab, mtaa wa Muscat, linachoma mpaka paka wamejificha chini ya magari. Ndani, nyuma ya pazia zito la zambarau, kiyoyozi kinanguruma, birika linatokota tayari kwa kuchovya ncha za rasta, na vidole vya Nakimuli vinakwenda mbio kichwani mwa rafiki yake, Nakanwagi.

Mikono ya msusi haina nafasi ya kushika gazeti. Kwa hiyo gazeti limeshikwa na anayesukwa. Hiyo ndiyo kanuni ya saluni hii: anayeketi ndiye anayesoma. Anasoma kwa Kiingereza, anafasiri kwa Kiswahili, na wanawake waliobanana kwenye sofa wakisubiri zamu wanaitikia, wanabisha, wanacheka.

"Bei ya vitunguu imepanda," Nakanwagi anasoma.

"Imepanda kwa nani?" anadakia mmoja. "Madamu wangu jana kanituma gunia zima!"

"Huyo madamu wako anapika au anafungua hoteli?"

Kicheko. Nakanwagi anafunua ukurasa wa maoni, anasoma mstari mmoja, wa pili, kisha ananyamaza ghafla.

"Soma, nnyabo, soma, mama. Umemeza ulimi?"

"Ni sisi."

"Sisi akina nani?"

"Sisi hapa. Gazeti limetuandika sisi."

Vidole vya Nakimuli vinasimama katikati ya msuko, jambo ambalo wateja wake hawajapata kuliona. Nakanwagi anasafisha koo na kufasiri neno kwa neno: "Na Ijumaa, mtu akidhani atapumzika, kuna saluni moja ya wanawake Ansab, nyuma ya duka la dawa, ambako makelele huanza adhuhuri na hayaishi mpaka usiku."

"Banange, jamani!" anapiga kelele mmoja, na papo hapo anajiziba mdomo kwa kiganja.

Hiyo ilikuwa Ijumaa ya kwanza ya mwezi uliopita.

"Nilifurahi kwanza, nisikufiche," anasema Nakimuli, mwanamke wa miaka thelathini na minne, mwenye sauti ndogo na kicheko kikubwa kuliko yeye. "Miaka yote tunasoma habari za watu, leo tumo sisi. Halafu neno lenyewe ndiyo likaanza kuniingia. Makelele."

Nakimuli alizaliwa Masaka, Uganda. Alikuja Muscat kufanya kazi za nyumbani katika jumba moja la Madinat Sultan Qaboos. Bwana wa nyumba alikuwa akisoma gazeti la Kiingereza wakati wa kifungua kinywa, naye Nakimuli, akipanga vikombe, alijizoeza kusoma vichwa vya habari vikiwa juu chini.

"Nilikuwa najua habari za dunia kinyumenyume," anasema. "Nikilishika gazeti sawasawa naona kama limekosewa."

Mikataba miwili ilipokwisha, alipata kazi kwa Bi Sayyida, mtumishi wa serikali mstaafu, Mwomani aliyezaliwa Unguja, ambaye ndiye mwenye saluni. Mshahara ni riyali mia na thelathini. Zaidi ya nusu huenda Masaka, kwa mama yake na watoto wawili. Siku sita wateja ni wachache. Ijumaa, wasichana wa kazi wanapopata mapumziko, hawatoshi kwenye sofa wala kwenye zulia.

Magazeti huletwa na Deogratius, kijana anayesafisha ofisi moja Al Khuwair. Huokota yale yaliyokwisha kusomwa wiki nzima, akayafunga bunda, akaja nayo. Kwa kuwa mwanamume haruhusiwi kuingia saluni ya wanawake, mkono wake tu ndio unaopita kwenye pazia. Wateja wanaujua mkono huo kuliko uso wake.

Mwaka jana, katika bunda moja, ulitokea ukurasa mzima wa historia ya magazeti ya Uingereza. Aliyeketi siku hiyo alisoma mpaka sauti ikamkauka. Kumbe karne tatu na nusu zilizopita watu wa London walikuwa wakikusanyika kwenye nyumba za kahawa, habari zikisomwa kwa sauti, na hata asiyejua herufi akatoka pale na maoni yake. Kumbe mfalme mmoja alitangaza kuzifunga nyumba hizo kwa kuwa maneno yalizidi, na mji ukapiga kelele mpaka akalibatilisha tangazo lake kabla hata siku ya kufunga haijafika. Kumbe baadaye magazeti yalitozwa kodi ya muhuri, yakawa ghali, na watu wakayachangia, wakayakodi, wakaendelea kusomeana vilevile.

"Nikasema, ala, hiyo ni saluni yetu!" Nakimuli anakumbuka, macho yakimng'aa. "Ila kule wanawake walikuwa wa kumimina kahawa, kukaa mezani hapana. Sisi tumelipiza. Hapa mwanamume haingizi hata kichwa."

Lakini ule mstari mmoja wa gazeti ulifanya kazi yake haraka kuliko moto wa makuti. Kabla yake, hakuna jirani aliyewahi kulalamika. Baada yake, kila jirani alikumbuka kuwa ana masikio. Picha ya ukurasa ilizunguka kwenye simu za mtaa. Mwenye duka la vyakula, ambaye kila Ijumaa aliwapelekea barafu bila kuombwa, alisema sasa hivi kichwa kinamuuma. Mama mmoja wa ghorofa ya juu, ambaye alikuwa akiteremka kusikiliza, aliacha kuteremka.

Jumatatu yake Bi Sayyida alikuja mwenyewe.

"Mwanangu, nnasikia tumetoka gazetini."

"Ndiyo, Mama."

"Wiki mbili nnakupa. Ndimi za mtaa zikitulia, tutatizama. Zisipotulia, Ijumaa mlango nitautia kufuli, khalas. Mtafanya kazi siku nyengine."

"Mama, siku nyingine hawa wasichana hawatoki."

"Nishasema."

Nakimuli anaeleza kwamba usiku ule hakulia. Aliosha vitana vyote, akaviosha tena. Bila Ijumaa mapato ya saluni yangebaki nusu, na nusu haiajiri msusi. Lakini si hilo lililomuumiza zaidi. "Kuna msichana hapa, wiki nzima hasemi na mtu ila mtoto mchanga," anasema. "Ijumaa ndiyo anasikia sauti yake mwenyewe. Nitamwambiaje kuwa tumefunga?"

Ijumaa iliyofuata hawakusoma habari. Waliandika jibu. Nakimuli alisuka na kusema, Nakanwagi akaandika kwenye simu kwa Kiingereza, na kila aliyeketi akatoa sentensi yake kama mchango wa harusi. Walibishana saa nzima kuhusu sahihi.

"Tia jina la kubuni," alishauri Nakanwagi. "Ule ukurasa ulisema Waingereza wa zamani walikuwa wanajificha hivyo."

"Wao walimwogopa mfalme."

"Na wewe humwogopi Mama Sayyida?"

"Namwogopa kuliko mfalme! Lakini nikijificha, watasema kweli tuna la kuficha. Andika Nakimuli. Andika msusi. Andika Ansab."

Nakanwagi alibonyeza kutuma, kisha akaitupa simu kwenye sofa kama imemuunguza.

Kwa Bi Sayyida hakuna aliyethubutu kuitaja barua hiyo.

Ijumaa ya mwisho ya zile wiki mbili, saluni imejaa tangu adhuhuri, na ni kimya. Wanawake wananong'ona kama wako msibani. Bi Sayyida ameshafika. Ameketi mwisho wa sofa, karibu na mlango, mkoba mweusi magotini, na kila mmoja anajua ndani ya mkoba mna kufuli jipya.

Mara vishindo vya mtu anayekimbia vinasikika nje. Mkono wa Deogratius unapenya kwenye pazia ukiwa na gazeti moja tu, jipya, la kununua.

"Nakimuli! Ukurasa wa sita! Umo!"

"Nimo wapi?"

"Umo na jina lako zima! Mimi nimelisoma barabarani, nusura nigongwe!"

Saluni nzima inainuka. Kimya kimekufa. Gazeti linapita mikono mitano, linarudi, linapasuka pembeni. "Msilichane, jamani! Msilichane!" Katikati ya vurumai pazia linafunguka tena na kuingia mwanamke kijana aliyevaa abaya nyeusi na miwani ya jua. Anasalimu kwa Kiswahili cha Unguja.

"Nimekuja kusukwa. Kuna nafasi?"

Kiti kiko wazi, kwa kuwa hakuna mwenye utulivu wa kukaa. Nakimuli anamkaribisha, anamvua shela, anamwekea gazeti mapajani.

"Samahani, dada. Hapa kwetu anayeketi ndiye anayesoma. Ukurasa wa sita."

Mgeni anautazama ukurasa muda mrefu. Kisha anasoma Kiingereza chake kilichonyooka, na kila sentensi anaigeuza:

"Mhariri, mimi ni Nakimuli, msusi wa Ansab. Ni kweli tunapiga kelele. Ni kelele za kusoma gazeti lako. Siku sita tunanong'ona katika nyumba za watu, kwa sababu kuna mtoto amelala au baba anaumwa kichwa. Siku ya saba tunasema."

"Hiyo ya mtoto ni yangu!" mmoja anapaza sauti. "Sentensi yangu hiyo!"

"Mfalme mmoja wa Uingereza alitaka kufunga nyumba za kahawa kwa sababu ya kelele kama zetu, akajirudi. Tunaomba nasi tusifungiwe. Mwandishi wako Hajar akitaka kuzipima kelele zetu, aje. Kiti kipo..."

Msomaji anaishia hapo. Analiteremsha gazeti mapajani.

"Mbona umeishia hapo, madamu?" anauliza Nakanwagi. "Herufi ndogo? Tuwashe taa?"

"Hapana."

"Basi malizia."

"Mimi ndiye Hajar."

Saluni inalipuka kwa sauti ambazo mwenye duka la vyakula, akiwa na kichwa au bila kichwa, lazima amezisikia. Wa kucheka anacheka, wa kupiga makofi anapiga. "Ndiye huyu? Mdogo hivi?" "Nakimuli, msuke mikia miwili asitoke nje mwezi mzima!"

"Kaeni kwanza!" anasema Nakimuli, naye anacheka mpaka kitana kinamwanguka. "Amekuja. Nilimwita, amekuja."

Hajar amefunika uso kwa viganja. "Mimi niliandika habari za kelele za mji mzima," anasema. "Honi, mashine za ujenzi, magari ya vijana. Nyinyi mlikuwa mstari mmoja tu, na wallahi sikusema mfungiwe. Nimeandika ukurasa mzima, watu wameuchukua mstari ule ule mmoja."

"Ndiyo gazeti hilo," anasema Nakimuli kwa upole, akianza kumgawa nywele. "Wewe unaandika ukurasa, mtaa unasoma mstari. Inamisha kichwa."

Nakimuli mwenyewe ana mpango wake, na sasa anausema bila kunong'ona. Akirudi Masaka atafungua saluni yenye viti viwili na benchi refu la wasiojua kusoma, waje wasikilize bila kusukwa. Kioo cha kwanza ameshakinunua, kimefungwa kwenye blanketi chini ya kitanda chake. Lakini kwanza anataka Ijumaa hii ya Ansab ibaki wazi.

Ndipo wote wanamkumbuka Bi Sayyida.

Mama huyo hajacheka wala hajapiga makofi. Mkono wake umo ndani ya mkoba. Unatoka na kufuli.

"Huyo mfalme," anauliza taratibu, "alikaa nazo siku ngapi amezifunga?"

"Hakuzifunga hata siku moja, Mama," anajibu Nakimuli. "Alijirudi kabla."

Bi Sayyida analigeuzageuza kufuli kiganjani.

"Baba'angu Unguja alikuwa akiwasomea majirani gazeti la Kiingereza kila jioni, akiwafasiria, kama nyie. Wakicheka, kama nyie. Halafu zikaja siasa. Kila chama kikawa na gazeti lake, na kila gazeti na matusi yake. Jirani wa mlango kwa mlango akaacha kutuletea futari, na sie tukaacha kumpelekea. Siku moja baba kalikunja gazeti, kaingia ndani. Hakusoma tena kwa sauti mpaka anakufa."

Anamtazama Hajar kitini, kisha vidole vya Nakimuli vilivyozama katika nywele za mwanamke aliyemwandika vibaya.

"Mie sikuogopa kelele, mwanangu. Kelele zenu nnazipenda. Nliogopa gazeti. Nlisema litawanunisha, kama lilivyotununisha sie."

Analirudisha kufuli mkobani na kuufunga.

"Haya, mwandishi, soma tena, toka juu. Nlikuwa nnatafuta kufuli, mwanzo ukanipita."