Maneno ya Mke Dirishani

Kanisa moja la mtaa wa Umoja lilikuwa na projekta kuukuu na filamu moja tu, ya zamani, isiyo na sauti. Mwaka 1994, kila Jumamosi alasiri, Khavere, fundi wa kushona yunifomu, alisimama kando ya shuka jeupe na kuwasemea waigizaji. Katika filamu hiyo, mume anajifanya mgonjwa ili asimpokee mama mkwe, kisha anatoroka kwenda mpirani. Maandishi ya Kiingereza yaliyotokea kwenye shuka Khavere aliyafasiri. Pasipokuwa na maandishi, alitunga.

Karibu na mwisho, mke anamfungia mume nje kwenye mvua, anafungua dirisha na kusema maneno mengi. Hapo hapakuandikwa kitu. Khavere alimpa haya: "Ukitaka kuingia, mwombe mama yangu radhi kwanza." Wanawake walipiga vigelegele.

Alhamisi moja mwenyekiti wa kamati ya kanisa, Mzee Wanyoike, alimfuata kibandani alikoshonea, akamwita kwa jina la bintiye.

"Mama Mitchelle, Jumamosi huyo mke aombe msamaha. La sivyo, maikrofoni tutampa mwingine."

"Msamaha wa nini, Mzee?"

"Wa kumwaibisha mume."

Jioni Luseno, mumewe, alimsihi. "Sema tu, mama. Si ni picha?"

"Kama ni picha, mbona inawauma?"

Jumamosi dirisha lilipofunguka, Wanyoike alikuwa amesimama karibu na soketi ya umeme. Khavere akasema polepole: "Nimeambiwa nikuombe msamaha. Mimi sijakosa. Nani alikuwa mgonjwa mpirani?"

"Mpashe, mama!" mtu akapaza sauti.

Wanyoike akachomoa waya.

Wiki iliyofuata maikrofoni ilishikwa na Shiundu, mwalimu wa kwaya, aliyepewa karatasi iliyopigwa chapa. Khavere aliketi safu ya tatu, mkoba mapajani. Dirisha likafunguka. Shiundu akasoma: "Nisamehe, bwana wangu, nimekukosea."

Kwenye shuka, mke alikuwa amekunja uso, akimtikisia mume kidole.

Khavere akasimama. "Mwalimu, hebu tazama hicho kidole. Hivyo ndivyo mkeo hukuomba msamaha?"

Ukumbi ulilipuka kwa kicheko. Wanyoike aliamuru watu wanyamaze, hakuna aliyemsikia. Shiundu alitazama shuka, akatazama karatasi, akaikunja na kuketi.

Filamu ilikuwa imebakiza dakika nne. Khavere alizisema zote bila maikrofoni, akiwa amesimama palepale katikati ya viti.