Mabati ya Kanisa na Mwandiko Wangu

Namshukuru Mungu aliyenifikisha uzeeni nikiwa bado na meno ya kutafunia na kumbukumbu ya kusimulia. Sifa ni zake, hata kwa ule mwezi niliolala gerezani Kibondo bila kuiba hata kuku.

Kosa langu lilikuwa mwandiko. Kanisa letu, kata ya Murungu, lilikuwa la nyasi. Muumini mwenzetu, mwenye duka la vifaa vya ujenzi mjini, alikubali kutupa mabati ya mkopo aliyoyaleta kutoka Kasulu. Wazee wa kanisa tulikwenda wote sita. Ilipofika kusaini, wenzangu walinigeukia kwa upole. "Andika wewe, mzee, una mwandiko mzuri." Nikafurahi. Nikasaini peke yangu.

Paa liling'aa, kwaya ikaimba, michango ikakauka. Mwenye duka aliketi benchi la mbele kila Jumapili, akiitikia amina. Jumatatu moja akaenda mahakamani.

"Sahihi hii ni ya nani?" hakimu aliuliza.

"Yangu, mheshimiwa."

"Na mabati yako wapi?"

"Yako juu ya kichwa cha mdai kila Jumapili, mheshimiwa."

Watu walicheka, lakini kicheko hakifuti deni. Mwenye duka alishinda, kisha akaomba kukazia hukumu, yaani mahakama inilazimishe kulipa. Angeweza kuomba ng'ombe wangu wawili wakamatwe. Akaomba nikamatwe mimi. Alijua ng'ombe hawaoni haya. Nilikataa kuwauza kwa deni la watu wote, basi ikaamriwa nikae ndani kama mfungwa wa madai.

Mvua zilikuwa karibu. Mbegu za maharage zilikuwa kwenye gunia, na mke wangu ana goti bovu. Nisipotoka mapema, hatupandi. Mwaka mzima tungekula nini?

Nikiwa nimesimama na askari mlangoni pa karani, nilisikia jambo lililonipa faraja.

"Mzee, lipa kwanza posho ya mwezi," karani alimwambia mwenye duka.

"Posho ya nani?"

"Ya mfungwa wako. Wa madai hulishwa na anayemdai. Usipolipa, anaachiwa."

"Yaani anidai... mimi nimdai, halafu nimlishe?"

"Ndiyo sheria, mzee wangu. Unataka risiti?"

Alilipa noti moja moja. Gerezani, kila sahani ya ugali na maharage ilipofika, niliomba kwa sauti Mungu ambariki ndugu aliyeitoa, ampe mkono wa kutoa zaidi. Wafungwa wenzangu waliitikia amina kwa nguvu. Wazee wale watano walikuja na kwaya kunitembelea, kama Maandiko yanavyotuagiza. Waliimba vizuri sana. Hakuna aliyetaja mabati.

Mwezi ulipokaribia kwisha, mwenye duka alisimama kanisani. Mke wangu ndiye aliyenisimulia.

"Bwana Yesu asifiwe! Wapendwa, mzee wetu yuko kifungoni, anahitaji chakula. Tumchangie posho."

Kikapu kikazunguka, kikajaa kuliko siku zote za mabati. Ndipo mke wangu aliposimama na fimbo yake.

"Wapendwa, nimeshukuru. Ila naona mnamchangia mume wangu akae ndani. Wa kumchangia atoke wako wapi?"

"Mama, kaa chini, ibada inaendelea," alisema mmoja wa wale wazee.

"Sikai. Goti hili nikilikunja, utakuja kunikunjua wewe? Mmefunikwa na mabati yake, naye amefunikwa na blanketi la gereza!"

Wakati huohuo mvua ya kwanza ikaanguka. Bati lilinguruma hata mchungaji asisikike, na hapakuwa na kichwa kilicholowa. Watu wakatazama juu, wakatazamana. Kikapu kilizunguka tena bila kutangazwa. Mwenye duka akaipokea michango yote miwili kama sehemu ya deni. Lililobaki, wale watano walisaini kulilipa baada ya mavuno. Miandiko yao ilisomeka vizuri tu.

Posho ya mwezi wa pili mwenye duka hakuilipa. Mlango ukafunguliwa, na siku ya tatu ya mvua nilikuwa shambani nikipanda.

Nawe unayesoma, Mungu akupe paa lisilovuja na majirani wanaokumbuka nani alilisainia. Na kama amekujalia mwandiko mzuri, akujalie pia kusahau kalamu nyumbani. Amina.