Ua Jekundu la Chumba cha Mwali

Mwezi uliopita niliwapeleka wanafunzi wangu maktaba ya taifa, Dar, kuona vitabu vya kale vilivyoandikwa kwa mkono. Wao wakapiga miayo, mimi nikasogea karibu. Ndani ya kabati la kioo kilikuwemo kitabu cha kasida cha bibi yangu wa Kinole, kimefunuliwa pale pale penye ua jekundu lililokaa upande kama limelewa. Ua lile nililipaka mimi, nikiwa nimefungiwa.

Ujue, kwetu Uluguru msichana akivunja ungo aliwekwa ndani, haonekani mpaka siku ya kuchezwa ngoma. Mimi niliwekwa nikiwa darasa la saba, mtihani umebakiza miezi miwili. Bibi akaziba dirisha kwa gunia, akanipa ukindu na kopo la rangi nyekundu nisuke mkeka. Miaka ile ilikuwa ya ruksa, biashara zimefunguliwa. Niliwasikia wauza mitumba wakinadi njiani, na redio kaseti ya jirani ikiimba tangu asubuhi hadi betri zichoke. Kila kitu ruksa, isipokuwa mimi kuota jua! Nilinenepa kwa ndizi za nazi na kwa hasira. Nilimchukia bibi, sikufichi.

Mwalimu wangu alikuja kuniombea ruhusa. Niliwasikia uani.

"Shikamoo bibi. Mtoto ana mtihani."

"Marahaba mwanangu. Mwali hatoki. Mtihani hata mwakani upo."

Nililia hadi ukindu ukalowa.

Mle chumbani ndimo lilimokaa sanduku la kitabu. Baba yake bibi alikiandika mwenyewe, akakitia nakshi pembezoni, maua mekundu na majani ya kijani. Kila mwaka kabla ya masika bibi alikianika uani juu ya mkeka, kisha akakifukiza ubani ili mende wasikisogelee. Siku nyingine zote kilifungiwa kama mimi, basi nikawa nakifungua tuzungumze. Ua moja lilikuwa limefifia. Nikachovya kijiti kwenye rangi ya ukindu, nikalipaka upya. Rangi ikachuruzika.

Bibi alipoliona aliketi chini. Nikangoja kofi. Akaushika mkono wangu, rangi bado imeganda kwenye kucha, akautazama sana.

"Mkono huu ukikosa kalamu yake," akasema, "utaharibu vitabu vya watu."

Siku ya mtihani alinifunika kanga gubigubi, tukapita njia ya migombani ili watu wasimwone mwali. Nilichokiona njia nzima ni visigino vyake. Akaketi kizingitini mwa darasa hadi nikamaliza, akanifunika tena, akanirudisha ndani. Wanawake wenzake walimsema mwaka mzima kwamba amevunja mila.

Bibi hayupo tena. Chumba kilibomolewa, na wajomba wakakitoa kitabu kwa wakusanyaji wa vitu vya kale, wakisema huko kitakuwa salama. Kweli ki salama. Hakuna mende wala ubani, na hakuna anayekianika juani. Nilipoweka kiganja kwenye kioo, mlinzi akaniambia kwa upole, "Mama, hapo hapaguswi."

Mimi nilikuwa na mtu wa kunifunika kanga akanitoa. Nikajitanda yangu vizuri mabegani, nikawaita wanafunzi, tukaondoka tukakiacha kitabu ndani.