Chozi wa Dada Mwanaisha

Mjukuu wangu mmoja, yule mwenye kiburi kama changu, aliniletea hapa mtaani Mahabibo kichupa cha mafuta ya langilangi. Nilikifungua, nikakifunika haraka. Sikumweleza kwa nini. Ninyi nitawaeleza.

Kisiwani kwetu Nosy Be kulinuka hivyo nilipokuwa na miaka tisa, bendera ya uhuru ikiwa bado haijapauka. Mama alikuwa akienda kuchuma langilangi alfajiri, akirudi na harufu ile nguoni hadi wali wetu ukawa na ladha ya maua. Dada yangu Mwanaisha alikuwa kitandani na homa wiki ya tatu. Alikuwa mrembo, na alijijua.

Nilitaka acheke. Nilipaka kijiti ulimbo wa fenesi, nikakitega kwenye ua la mgomba, nikamnasa chozi, kindege mnyonya maua, aliyeshuka kutoka msitu wa mlimani. Dume: kichwa cha kijani kinachometameta, mdomo umepinda kama sindano ya magunia. Nilimsafisha kwa mafuta ya nazi, nikamfunga uzi mguuni na kwenye kitanda cha dada, nikamwekea maji ya sukari.

"Mtazame anavyoringa, kama bwana harusi!" dada alisema, akacheka kweli. Kisha akamwinamia ndege: "Tupone pamoja, bwana wee."

Siku ya tatu nilimkuta chozi amekauka, miguu juu. Dada alikuwa usingizini. Nilimfukia yule ndege nyuma ya jiko, nikakimbilia mgombani na ulimbo wangu. Safari hii alinasa jike, rangi ya vumbi. Nikasema potelea mbali, ndege ni ndege. Nikamfunga uzi uleule.

Dada alipoamka alimkodolea macho.

"Mdogo wangu, amepauka."

"Ni kiza tu cha chumbani."

"Hapana. Amepauka kama mimi."

Neno lilikuwa mdomoni: huyu si yule. Lakini ningelazimika kusema kwamba yule nilimuua kwa uzi wangu, na mimi sikuwa mtoto wa kukiri kosa. Dada aligeukia ukutani, akakataa hata uji. Ijumaa wanawake walimwosha, wakamvika sanda.

Nilipokata uzi, yule jike aliruka moja kwa moja hadi mgombani, akaanza kunyonya maua.

Homa ndiyo iliyomuua dada, wala sijidanganyi. Ila ilinichukua nusu ya umri wangu kuelewa kwamba habari ya kufa kwake aliipata kwa ndege mzima kabisa, asiye na hata mafua, na aliyemletea ni mimi.