Nilimaliza Chaji ya Simu ya Mama Mkwe kwa Mchezo wa Nyoka

Admin, jina langu lifiche kabisa, maana nusu ya ukoo wa mume wangu wapo humu. Mimi ni mwanamke wa miaka 33, mzaliwa wa Keza, nimeolewa huku Runazi, nina watoto wawili. Wengi huandika hapa walivyotendwa. Mimi ndiye niliyetenda, na najionea kinyaa.

Tunaishi na mama mkwe. Miguu haina nguvu, anatembelea fimbo. Mume wangu alimnunulia simu ya kitochi ili tukiwa shamba apige akipata shida. Betri imechoka, chaji haimalizi hata siku moja, kwa hiyo wifi yangu anaipeleka dukani kuchajisha jioni na kuifuata asubuhi. Wifi aliachika, akarudi nyumbani na watoto watatu.

Simu ile ina mchezo wa nyoka. Chekeni tu, mtu mzima na nyoka wa vidoti. Nilianza kidogo kidogo, nikafika mahali nikifumba macho namwona anakata kona. Nilikuwa naichukua simu kwa mama nikidanganya kwamba nampigia mume wangu.

Siku hiyo wifi aliirudisha imejaa, akaiweka karibu na mama aliyekuwa usingizini, akaenda kushinda sokoni; watoto wote walikuwa shule. Nikaichukua mama hajui, nikakaa jikoni, mihogo ya kumenya mbele yangu, nacheza. Nikavunja rekodi yangu. Simu ikalia kwamba chaji inaisha, nikaisikia vizuri kabisa. Ikalia tena. Nikasema nimalizie huyu huyu. Ikazima mkononi. Nikaifuta kwa kanga, nikairudisha pembeni ya mto wa mama, bado amelala, nikabeba jembe nikaenda kupalilia maharage. Sikumwambia kitu, kwa sababu angejua nilikuwa nacheza.

Saa kumi nilimkuta njiani kwenda chooni, amelala ubavu kwenye tope, haja imemtoka, nzi wamemjaa usoni. Alianguka tangu mchana, nyonga imevunjika. Simu ameishika. Akaniambia kwa sauti ndogo, "Nimebonyeza, mwanangu, nimebonyeza sana. Haikuwaka."

Mume wangu alimgeukia dada yake. "Kazi yako ni moja, kuchajisha simu. Hata hiyo imekushinda?"

Wifi akaapa kwamba aliileta imejaa. Mwenye duka alipoulizwa akasema simu ni nyingi, hakumbuki. Basi, hakuna aliyemwamini. Mimi nilikuwa nimesimama hapo hapo na ndoo ya maji. Nilimsikia akilia, nikaenda kumwosha mama.

Sasa ni wiki ya tatu. Mama amerudi kutoka hospitali, yuko kitandani tu. Wageni wakija kumwona wananisifu, "Mkwe kama huyu mtampata wapi?" Nami nainamisha kichwa kama mtu mwema, mnafiki mkubwa. Nikimbadilisha nguo naviangalia hivi vidole vilivyokuwa vinabonyeza.

Mume wangu ameamua kwamba Jumamosi wifi aondoke na watoto wake. Hana pa kwenda, kule alikoolewa alikuwa anapigwa mpaka anazimia. Na mimi nikisema ukweli, namjua mume wangu, atanirudisha Keza siku hiyo hiyo na wanangu nitawaacha.

Jana asubuhi wifi alinifuata nikifua mashuka ya mama. Akapiga magoti pale kwenye beseni, akasema, "Wifi, nimefikiri sana. Labda kweli sikuangalia vizuri kama imejaa. Nimekutwisha kazi ya kumuuguza mama peke yako. Naomba unisamehe kabla sijaondoka."

Nikamwangalia usoni, nikamjibu, "Nimekusamehe."

Nitukaneni mnavyotaka, nimestahili. Ila Jumamosi ni keshokutwa, na wifi ameshaanza kufunga nguo za watoto. Nishaurini, nifanye nini?