Bega la Popi

Harufu ya dawa ya josho huniwasha pua mpaka leo, na kila nikiisikia namkumbuka Popi, mbwa wetu tulipoishi kijijini Mogitu. Baba alikuwa dereva wa trekta kwenye mashamba ya ngano ya serikali, na Popi alimfuata kila aendako. Jioni walirudi pamoja, mmoja akinuka dizeli, mwingine amejaa ndevu za ngano na kupe kuanzia masikioni hadi mkiani.

Siku moja ya kuogesha ng'ombe, Baba akaona afupishe mambo. Akambeba Popi, akamtumbukiza joshoni nyuma ya ndama wetu. Watu walicheka sana. Nami nilicheka, siwafichi. Popi alitokea upande wa pili akitetemeka, akakimbilia chini ya ghala la mahindi, na tangu hapo hakutaka kuguswa wala kuona brashi.

"Mpaka Jumamosi," Baba alisema kupe walipojaa tena. "Akiwa bado na kupe, nampeleka kwa walinzi wa shambani. Sifugi kupe mimi."

Nilikuwa na miaka tisa, na nilimpenda mbwa yule kuliko kaka zangu wawili kwa pamoja. Nikamwendea Mama, aliyekuwa akimzoesha mtamba wetu ili akizaa akubali kukamuliwa. Chuchu hakuzigusa. Alimpa pumba, akamwekea kiganja begani, akaimba wimbo wa kanisani kwa sauti ya chini, kisha akaondoka. Kesho yake hivyo hivyo, ila kiganja kilishuka kidogo.

"Ukianzia panapouma atakupiga teke," aliniambia.

Basi nikaweka brashi ya kufulia kando ya bakuli la Popi, nikakaa mbali. Siku ya pili alikula huku akiitazama. Siku ya tatu nikamgusa bega kwa mgongo wa brashi, nikiimba vibaya. Jumamosi ilipofika nilikuwa nimesafisha ubavu mmoja tu. Masikio, ambako kupe walijaa, sikuwa nimeyafikia.

Baba akaja na kamba mkononi.

"Shikamoo, Baba."

"Marahaba." Alimtazama Popi, aliyejificha nyuma yangu. "Leo siku gani?"

"Jumamosi."

"Mimi naona Ijumaa," akasema, akaitundika kamba ukutani. "Ulianzia wapi?"

Nikamwonyesha bega. Akachukua brashi, akachuchumaa na mikono yake mikubwa yenye grisi. Popi akaingia chini ya ghala. Baba alibaki pale amechuchumaa mpaka Mama alipotuita kula.

Masikio niliyamaliza wiki iliyofuata. Lakini Baba aliendelea kuja na brashi, Jumapili baada ya ibada, siku nyingine kabla ya kwenda kazini, na Popi alimpa bega mavuno yalipokwisha. Miaka mingi niliamini Baba alinihurumia mimi, akaniongezea siku. Sasa nina watoto, nimewakosea mara kadhaa, na najua kwamba Ijumaa ile alijiongezea mwenyewe.