Wimbo wa Mama Hana

Juzi hospitalini Westmead, huku ugenini, kijana mmoja alinisalimia kwa Kilingala. Ndiyo lugha waliyosema askari waliotutoa nyumbani, nami nikamwambia siijui. Mjukuu wangu akaninong'oneza, kwa Kiingereza chake, kwamba nimesema uongo. Nilimkumbuka Mama Hana.

Alikuwa fundi cherehani pale Bukavu, Myahudi aliyekimbia Ujerumani. Mchana ule nilisimama juu ya kiti akinijaribisha gauni la komunyo yangu ya kwanza, na chumba kilinuka pasi ya makaa. Akaingia Padiri Mjerumani na kanzu iliyochanika. Alifurahi kumkuta mtu wa kwao, akaanza kuongea Kijerumani.

"Siijui hiyo, Padiri," alisema Mama Hana. "Sema Kiswahili."

Padiri akawa mwekundu. Alishonewa kanzu yake vizuri, akaenda. Mara Mama Hana akaanza kuimba, pini mdomoni, kwa Kijerumani kile kile.

"Mama, umemdanganya Padiri?"

"Yeye hana kosa. Lakini kwa lugha hii walitutukana barabarani, wakawachukua wazazi wangu. Sitaisema tena na mtu."

"Na wimbo?"

"Mama yangu alinilaza nao. Huo si wimbo wao."

Nilidhani lugha hukatwa kwa makasi kama kitambaa, mtu akabaki na kipande chake. Sasa, uzeeni, sioni kama nilikosea sana.

Nikamwomba anifundishe wimbo ule. Alitoa pini mdomoni, akafunga mlango, akauanza upya taratibu ili niufuate. Katikati sauti ilimkatika. Nikarudia mstari ule peke yangu, bila kujua maana, mpaka akaweza kuungana nami.